Michezo Iliyojificha Ndani ya Kompyuta ya Nyumbani

JUMAMOSI moja jioni tulikaa mezani kuandika taarifa ya mapato na matumizi ya kikundi cha akina mama, isomwe kesho yake baada ya ibada. Tulipotaka kuihifadhi, kompyuta ilikataa. Diski imejaa, ilisema.

Tulishangaa. Kompyuta ile mpakato tuliinunua kwa mkopo wa kikoba, imekwisha kutumika kidogo lakini nzima. Kwa kadiri tulivyojua, mlikuwa na barua chache, picha za kipaimara na masomo ya kijana wetu wa kidato cha tatu. Vitu hivyo vingejazaje diski nzima?

Tulimwita kijana. “Kuna michezo humu?”

“Hakuna gemu humo, Mama.” Akageuza kioo tutazame. Kweli, palikuwa na picha ya mandhari, pipa la takataka na programu ya kuandikia, basi.

Alipokwenda kuoga tulifungua sehemu ya nyaraka. Kulikuwa na folda yenye jina refu la Kiingereza lililoanza na herufi GTA. Hatukuijua. Pembeni yake ilikuwapo nyingine iliyoandikwa “Fizikia”. Tulipoibonyeza kwa upande wa kulia wa kipanya na kuuliza ukubwa wake, tuliambiwa karibu gigabaiti 13. Mpendwa mama msomaji, hata kama mtoto angeandika fizikia usiku na mchana tangu azaliwe, asingefikisha gigabaiti 13. Tuliifungua. Ndani mlikuwa na michezo miwili, mmoja wa mpira na mwingine wa watu wanaoiba magari na kupigana risasi barabarani.

Tunaeleza tulichofanya baadaye ili wewe usikifanye. Tuliifuta folda yote papo hapo, kwa hasira. Kompyuta ilituuliza: folda hii ni kubwa mno kwa pipa la takataka, je, ifutwe moja kwa moja? Hatukusoma vizuri. Tulibonyeza ndiyo. Tukaandika taarifa yetu, tukalala tukiwa tumeridhika kabisa.

Jumatatu kijana alitafuta maelezo yake ya fizikia na kemia, aliyokuwa akiyachapa tangu kidato cha kwanza, pamoja na mitihani ya miaka iliyopita aliyopewa na wenzake. Yalikuwa ndani ya folda ile ile. Jina lake halikuwa uongo mtupu; kweli ilikuwa folda ya fizikia, na michezo aliificha chini yake. Kijana wa miaka kumi na sita alilia mbele yetu, na hakulilia mchezo.

Picha Ndogo Si Mchezo Wenyewe

Kosa letu la kwanza lilikuwa kuamini uso wa kompyuta. Picha ndogo tunazoziona pale tunapowasha ni kama vibao vya njia. Kibao kinaonyesha dukani ni wapi, lakini ukiking’oa, duka linabaki. Mama anayefuta picha ya mchezo usoni mwa kompyuta amefuta kibao tu. Na mtoto anayejua jambo hilo hukifuta kibao mwenyewe kabla mama hajarudi kazini, kisha huufungua mchezo moja kwa moja kule uliko.

Kosa la pili lilikuwa kudhani kwamba michezo yote hukaa mahali pamoja. Iko michezo iliyosakinishwa, yaani imeingizwa kwa utaratibu na kompyuta imeiandika katika orodha yake. Iko iliyonakiliwa tu kutoka flashi au diski ya rafiki, ambayo hufunguka bila kusakinishwa wala kuandikwa katika orodha yoyote. Iko inayochezwa ndani ya kivinjari cha intaneti, ambayo haiachi karibu chochote. Na ipo iliyokuja na kompyuta yenyewe kutoka kiwandani. Kila aina hutafutwa kwa njia yake.

Pa Kutazama

Tunazungumzia Windows, kwa kuwa ndiyo iliyomo katika kompyuta nyingi za majumbani kwetu. Inaweza kuwekwa katika Kiswahili, lakini nyingi huuzwa zikiwa na Kiingereza, kwa hiyo tunataja maneno kama yanavyoonekana kwenye kioo.

Bonyeza kitufe chenye alama ya Windows pamoja na herufi I. Ukurasa wa “Settings” utafunguka. Chagua “Apps”, kisha “Installed apps” kama una Windows 11, au “Apps & features” kama ni Windows 10. Hapo utaona orodha ya programu zilizosakinishwa. Panga orodha hiyo kwa ukubwa badala ya alfabeti, maana michezo mikubwa hupanda juu yenyewe. Programu ya kuandikia barua haipiti gigabaiti chache, lakini mchezo mmoja wa miaka hii unaweza kumeza gigabaiti 70 na zaidi. Ukiona jina usilolijua, usilifute. Liandike kwenye karatasi. Katika orodha ile mna majina mengi ya ajabu ambayo ni ya printa, ya sauti, au ya kioo chenyewe, na ukiyaondoa utampeleka fundi pesa.

Ukiona jina Steam au Epic Games, fahamu kwamba hayo si michezo bali ni maghala ya michezo. Ni lazima uingie ndani ya ghala ili ujue kilichomo. Katika Steam, fungua sehemu iitwayo “Library”. Huko kila mchezo una jina lake, na jambo lenye faida kwa mzazi ni kwamba panaandikwa mchezo umechezwa kwa saa ngapi na mara ya mwisho ilikuwa lini. Mama mmoja wa kikundi chetu, ambaye binti yake alikuwa akisema “nacheza kidogo tu siku za Jumapili”, alikuta saa 190. Waligawa pamoja kwa idadi ya majuma, wakanyamaza wote wawili. Ujue pia kwamba ukiiondoa Steam kabisa katika orodha ile ya kwanza, michezo iliyohifadhiwa ndani yake huondoka nayo.

Kuna programu nyingine, kama BlueStacks, zinazoiga simu ndani ya kompyuta. Katika orodha utaona jina moja tu, kumbe ndani yake mna michezo kumi ya simu.

Sasa ile iliyonakiliwa bila kusakinishwa. Hii ndiyo iliyotushinda sisi, na ndiyo iliyoenea zaidi kwetu, kwa sababu watoto hupeana kwa flashi na hawahitaji bando. Orodha haitakuonyesha kitu. Itakubidi ufungue folda moja moja na kuuliza ukubwa wake, kwa kubonyeza upande wa kulia wa kipanya na kuchagua “Properties”. Maelezo ya shule huhesabiwa kwa megabaiti, michezo mikubwa kwa gigabaiti, na gigabaiti moja ni megabaiti elfu moja na ushee. Kwa hiyo tofauti haifichiki. Folda zenyewe zinaweza kufichwa. Ili uzione, fungua dirisha la mafaili, nenda “View”, kisha uruhusu “Hidden items”. Tazama pia “Downloads”, kwa maana huko hubaki furushi la kusakinishia hata baada ya mchezo kuingia, na hivyo mchezo mmoja unakula nafasi mara mbili.

Michezo mingi huacha nyayo. Inapohifadhi mahali mchezaji alipofikia, hutengeneza folda katika nyaraka, mara nyingi yenye jina la mchezo wenyewe, au katika folda iitwayo “Saved Games” au “My Games”. Ile folda ndefu yenye herufi GTA tuliyoikuta sisi ilikuwa hivyo. Mchezo ulifichwa vizuri, lakini wenyewe uliandika jina lake sebuleni.

Ile ya ndani ya kivinjari usihangaike kuitafuta. Google Chrome peke yake, tangu mwaka 2014, ina mchezo mdogo wa mjusi mkubwa anayeruka miiba, unaotokea intaneti inapokatika. Hauli nafasi, na hata sisi tumeshaucheza zamu ya usiku, wodi ilipokuwa shwari na mtandao umekufa.

Hata Watu Wazima Walificha

Tusiwaonee watoto. Wasomaji waliofanya kazi maofisini miaka ya tisini watakumbuka mchezo wa karata uliokuwa kwenye kompyuta ya karani. Solitaire ilikuja na Windows 3.0 mwaka 1990, na ule wa kutegua mabomu, Minesweeper, ukafuata na Windows 3.1 mwaka 1992. Watu wengi waliokuwa wakiogopa kipanya walijifunza kukishika kwa kuburuta karata zile. Aliyeiandika Solitaire ni Wes Cherry, kijana aliyekuwa mafunzoni katika kampuni ya Microsoft. Ameeleza kwamba aliweka kitufe cha kumdanganya bosi: ukikibonyeza, karata zinapotea na kazi inaonekana. Wakubwa wake walimwamuru akiondoe.

Tulipomsimulia kijana wetu habari hii alicheka, mara ya kwanza tangu siku ile ya kufuta. Akatuonyesha vitufe viwili, Alt na Tab, ambavyo vikibonyezwa pamoja hubadilisha mchezo kuwa ukurasa wa fizikia kabla mama hajamaliza kufungua mlango. Kumbe miaka yote hii!

Windows 7 iliweka michezo yake katika folda moja iitwayo “Games”, na wenye kompyuta za zamani bado wanaiona. Windows 8 ya mwaka 2012 haikuja nayo tena. Mtu alitakiwa kuichukua katika duka la Microsoft. Windows 10 ilipotoka mwaka 2015 karata zilirudi, lakini safari hii na matangazo. Mama anayedhani kwamba karata zile ni zile zile za zamani, na kumwachia mtoto wa miaka sita, ajue kwamba kati ya mchezo na mchezo panaweza kuonyeshwa matangazo ya biashara, na mengine huita mtoto abonyeze.

Mchezo Gani, kwa Mtoto Yupi?

Hatuamini kwamba kila mchezo ni mbaya. Mpira wa kwenye kompyuta, ukiondoa muda unaokula, una ubaya gani? Lakini kuna michezo iliyotengenezwa kwa ajili ya watu wazima, na watengenezaji wenyewe wamesema hivyo.

Mwaka 1993 maseneta wa Marekani walifanya vikao kuhusu michezo ya kikatili, ukiwamo Mortal Kombat, na mwaka uliofuata wenye viwanda wakaanzisha bodi ya kupanga madaraja, ESRB, inayotumia herufi. E ni kwa wote, T ni kwa vijana kuanzia miaka 13, na M ni kwa wenye miaka 17 na zaidi. Ulaya wana mpango wao tangu mwaka 2003, PEGI, wenye namba 3, 7, 12, 16 na 18. Namba hizo ni za umri, si za ugumu wa mchezo. Tunasisitiza hapo kwa sababu tumemsikia mzazi akijisifu kwamba mwanawe wa darasa la nne “amefika 18”.

Tatizo letu ni kwamba mchezo unaokuja kwa flashi hauna kasha, kwa hiyo namba haionekani. Dawa yake ni kuandika jina la mchezo na neno PEGI kwenye simu yako, na utaletewa. Tuliandika jina la ule wa wezi wa magari, Grand Theft Auto: San Andreas, uliotoka mwaka 2004. Jibu lilikuwa 18. Mchezo ule ni wa zamani kuliko mtoto wetu, na bado unazunguka madarasani.

Tulimwuliza anaupendea nini. Tulitegemea kusikia bunduki. Alisema anapenda kuendesha baiskeli mlimani na kusikiliza redio ya kwenye gari. Hatukujua la kusema.

Kuondoa Bila Kuharibu

Baada ya ile Jumatatu tulipeleka kompyuta kwa kijana fundi karibu na stendi. Swali lake la kwanza lilikuwa: tangu mfute, mmeitumia? Tulikuwa tumeitumia. Jumapili tulinakili video ya harusi ya mdogo wetu, gigabaiti tatu, tukifurahi kwamba nafasi imepatikana. Fundi alieleza kwamba kitu kilichofutwa hakiondoki mara moja. Kompyuta hufuta tu anwani yake na kupahesabu mahali pale kuwa patupu, mpaka kitu kingine kiandikwe juu yake. Harusi yetu ilikuwa imeandikwa juu ya kemia. Alirudisha karibu nusu ya maelezo, mengine yakiwa yamekatika katikati. Akatuambia kwamba tulibahatika kwa kuwa diski yetu ni ya zamani, ya kuzunguka. Katika zile mpya za SSD mara nyingi hata hiyo nusu haipatikani.

Kwa hiyo, ukifuta jambo kwa bahati mbaya, zima kompyuta na usiiguse mpaka umpate fundi. Na kabla hujafuta chochote, nakili masomo na nyaraka za familia kwenye flashi, uitoe flashi hiyo na kuiweka kabatini. Sisi tunaotunza dawa tunajua kwamba huwezi kusafisha kabati kwa kumwaga rafu nzima. Unasoma lebo moja moja. Ajabu ni kwamba kazini tunafanya hivyo kila siku, nyumbani tukasahau.

Mchezo uliosakinishwa uondoe kupitia orodha ile ile ya “Installed apps”: bonyeza nukta tatu zilizo mbele ya jina lake, kisha “Uninstall”. Usifute folda yake kwa mkono, maana mabaki hubaki yametawanyika na jina linaendelea kukaa katika orodha. Ulionakiliwa, huo ndio unaofutwa kwa mkono, lakini fungua folda kwanza utazame kilichomo mpaka chini kabisa. Mahali mtoto alipofikia katika mchezo mara nyingi hubaki katika nyaraka hata baada ya mchezo kuondolewa. Ukitaka, mwachie. Folda hiyo ni ndogo, na kwa mtoto ni kazi ya miezi mingi. Mchezo ukirudishwa siku za likizo ataendelea pale alipoachia.

Kama mchezo hauna ubaya lakini unaichelewesha kompyuta inapowaka, huenda si lazima uuondoe. Maghala kama Steam hupenda kujiwasha yenyewe kila asubuhi. Bonyeza Ctrl, Shift na Esc kwa pamoja, tafuta sehemu ya “Startup”, uizime huko. Itaendelea kuwapo, ila itasubiri kuitwa.

Nasi hatupendi kunyamaza kuhusu virusi. Michezo iliyovunjwa kufuli, ile isiyolipiwa inayopitishwa kwa flashi, ni njia inayojulikana ya kusambaza programu haribifu. Inapotokea mchezo unakuambia kwamba ni lazima uzime ulinzi wa kompyuta ndipo ufunguke, usiuzime.

Saa Saba za Usiku

Kilichotuuma kuliko diski kujaa tulikigundua baadaye. Kompyuta huandika saa ambayo kila faili limebadilishwa. Kijana alipotuonyesha mwenyewe ile folda ya nyayo, tarehe zilikuwa zimeandikwa: saa saba kasorobo usiku, saa saba na robo, saa nane. Siku hizo tulikuwa zamu ya usiku, na baba watoto alikuwa safarini. Tuliwapima watoto wa wenzetu homa, wa kwetu akiwa macho peke yake.

Tulikwisha kuona dalili. Kichwa kilimwuma asubuhi, alisinzia ibadani, alikuwa mkali kwa dadake bila sababu. Tulimpima malaria mara mbili, na mara mbili hapakuwa na kitu. Kijana wa miaka 13 mpaka 18 anahitaji saa nane mpaka kumi za usingizi. Wetu alikuwa akipata nne au tano. Mama mwenye mtoto anayeumwa kichwa kila asubuhi na vipimo havionyeshi ugonjwa, pamoja na kwenda hospitali, amwulize pia alilala saa ngapi.

Akina mama wengine hutuuliza, je, mwanangu amekuwa mlevi wa michezo? Shirika la Afya Duniani limeuingiza ugonjwa wa kushindwa kujizuia na michezo katika orodha yake ya magonjwa, ICD-11, iliyopitishwa mwaka 2019 na kuanza kutumika Januari 2022. Lakini ona masharti yake. Mtu ameshindwa kujitawala katika kucheza, mchezo umetangulia mambo mengine yote ya maisha, naye anaendelea ingawa anaona madhara. Na kwa kawaida hali hiyo iwe imeonekana kwa miezi 12 au zaidi. Shirika lenyewe linasema wanaopatwa nao ni sehemu ndogo tu ya wachezaji. Mtoto anayenuna ukizima kompyuta si mgonjwa. Mtoto aliyeacha kula na familia, aliyeacha marafiki, anayekosa shule mwaka mzima kwa ajili ya mchezo, huyo mpeleke kwa daktari, wala usimwonee aibu.

Kwa walio chini ya miaka mitano, shirika hilo lilitoa mwongozo mwaka 2019: kabla ya kutimiza mwaka mmoja, kioo hapana kabisa, kuanzia miaka miwili mpaka minne, isizidi saa moja kwa siku, na pungufu ni bora.

Nywila na Mazungumzo

Fundi alitushauri tumfungulie kijana akaunti yake katika kompyuta, isiyo ya msimamizi, na ya msimamizi tubaki nayo sisi na nywila yake. Tumefanya hivyo na inasaidia, kwa kuwa programu nyingi hazisakiniki bila nywila hiyo. Ipo pia huduma ya Microsoft iitwayo Family Safety, ambayo mzazi anaweza kuwekea saa za kutumia na kuzuia michezo isiyo ya umri. Inahitaji barua pepe ya mtoto na ya mzazi, pamoja na intaneti. Anayeiweza aitumie.

Lakini tuseme wazi, akaunti haizuii mchezo ulionakiliwa kwa flashi, nasi hatukai nyumbani usiku wote. Kijana anayejua Alt na Tab atajua na mengine. Kilichotusaidia zaidi ni kwamba tulimwomba radhi. Haikuwa rahisi, kwa maana yeye ndiye aliyedanganya kwanza, na baba watoto alisema mzazi haombi radhi kwa kufuta uchafu. Tulimwambia: “Mwanangu, ulikosea kutudanganya, nasi tulikosea kufuta tusichokisoma.” Alikaa kimya. Siku ya tatu alikuja na kompyuta mkononi, akasema, “Mama, njoo nikuonyeshe.” Yaliyo mengi katika makala hii alitufundisha yeye.

Sasa Jumamosi ya mwisho wa mwezi tunakaa naye. Yeye anafungua orodha, anaipanga kwa ukubwa, anasoma majina kwa sauti, nasi tunauliza. Mchezo wa mpira umerudi, kwa siku za Ijumaa na Jumamosi, na saa tatu usiku kompyuta inaingia chumbani kwetu. Siku za zamu ya usiku inakwenda nasi kazini ndani ya mkoba, ingawa ni nzito. Dadake wa darasa la tano amewekewa GCompris, programu ya bure yenye michezo mingi ya hesabu na herufi, isiyo na matangazo wala haja ya intaneti.

Ule wa wezi wa magari hatujakubaliana. Anasema akifikisha miaka kumi na nane tusimnyime. Baba watoto anasema katika nyumba hii, hata akiwa na thelathini. Sisi tumewaambia tutaamua siku hiyo ikifika. Kwa sasa kuna fizikia ya kidato cha pili ya kuchapa upya, na tumemsaidia mpaka sura ya tano.